Tisa Iliyofichwa: Pwani ya Waswahili katika Kitabu cha Karen Blixen

Kitabu cha Karen Blixen kiitwacho Out of Africa kilichapishwa mwaka 1937, kwa Kiingereza na kwa Kidenishi, miaka sita baada ya mwandishi wake kuondoka Kenya asirudi tena. Tangu hapo kimehakikiwa mara nyingi, na aghalabu kwa njia mbili. Wako wanaokisifu kwa ufasaha wake na kwa mapenzi yanayodhaniwa kumfunga mwandishi na watu wa shamba lake, na wako wanaokilaani kwa sababu mapenzi hayo ni ya mwenye mali kwa mali yake. Hapana haja ya kuurudia ugomvi huo hapa. Liko jambo ambalo pande zote mbili aghalabu hulipita bila kulisimamia, nalo ni kwamba kitabu hiki cha bara kimejengwa, kwa sehemu kubwa, juu ya mazungumzo yaliyofanywa kwa lugha ya pwani. Maneno ambayo Blixen aliyasikia kwa mpishi wake, kwa wachumaji wa buni na kwa wazee wa baraza yalimfikia kwa Kiswahili, au kwa kile kilichoitwa Kiswahili katika mashamba ya walowezi. Kiingereza chake, kila anapomnukuu mtu wa shambani, ni tafsiri. Basi yafaa kuuliza: lugha ilipofika Karen, pwani yenyewe ilikwenda wapi?

Karen ya leo ni mtaa wa magharibi ya Nairobi, wenye bustani pana na nyua ndefu, chini ya vilima vya Ngong. Nyumba ya mawe iliyoko huko ilijengwa mwaka 1912 na Mswidi, Åke Sjögren. Blixen aliishi humo kuanzia mwaka 1917 hadi shamba lilipofilisika na kuuzwa, mwaka 1931, likakatwa viwanja. Lilikuwa shamba la ekari elfu sita, la kampuni iliyoitwa Karen Coffee Company, na kama mtaa ulipata jina kwa mwandishi au kwa binamu yake aliyekuwa binti wa mwenyekiti wa kampuni, ni jambo linalobishaniwa hata leo. Lisilobishaniwa ni kwamba jina la Kizungu ndilo lililobaki juu ya ardhi ya Wakikuyu na malisho ya Wamaasai.

Kiswahili hakikuletwa hapo na walowezi. Misafara ya biashara kutoka Mombasa ilikuwa ikinunua chakula Ngong na Dagoretti kabla ya reli kufika Nairobi mwaka 1899, na nyuma ya misafara walibaki watu. Blixen mwenyewe anawataja, lakini mara moja tu kwa uzito wowote, pale anapoueleza mji wa Nairobi. Anasema kuwa kijiji cha Waswahili, kwenye njia iendayo Muthaiga, kilikuwa na sifa mbaya, kichafu lakini chenye uchangamfu, na kwamba nyumba zake zilikuwa za madebe ya mafuta ya taa yaliyopondwa. Yaelekea kijiji hicho ni Pangani, ambacho serikali ya kikoloni ilikibomoa mwishoni mwa miaka ya 1930. Jina lake lilitoka mbali sana na madebe: Pangani ni mji wa kale wa mwambao wa Tanga. Msomaji wa kitabu hajulishwi hilo. Kwake Mswahili ni mtu wa pembezoni mwa mji, asiye na mahali alikotoka. Lugha yake inazungumzwa na kila mtu shambani, lakini yeye mwenyewe hana habari.

Mfano wa kwanza unaostahili kuchunguzwa kwa utulivu ni kile kisa kifupi kuhusu wenyeji na mashairi. Vijana wa shamba wanavuna mahindi jioni. Blixen anaanza kuwatungia beti za Kiswahili, zisizo na maana yoyote ila vina. Vijana wanasimama, wanamzunguka, wanakingojea kina kifike na kinapofika wanacheka. Anajaribu kuwafanya wakamilishe ubeti wao wenyewe, wanakataa na kugeuza nyuso. Baadaye wanamwomba aseme tena, na kuyafananisha maneno yake na mvua. Ni kisa kizuri, na wengi wamekipenda. Lakini kinatanguliwa na hukumu: kwamba wenyeji, ijapokuwa wana hisia kali ya mdundo, hawakujua chochote kuhusu ushairi, walau kabla ya shule.

Ni vigumu kupata hukumu iliyokosea kwa ukamilifu zaidi. Lugha aliyoitumia kuwachekesha vijana hao ilikuwa na Utendi wa Tambuka, ambao nakala yake inaonyesha mwaka 1728, yaani zaidi ya miaka mia mbili kabla ya kitabu chake. Ilikuwa na Al-Inkishafi ya Sayyid Abdallah bin Ali bin Nasir. Ilikuwa na Muyaka wa Mwinyi Haji, aliyeishi Mombasa takriban tangu 1776 hadi 1840 na kulitoa shairi katika msikiti na madrasa akalipeleka sokoni na barazani. Labda itajibiwa kwamba Blixen aliwazungumzia Wakikuyu, si watu wa pwani. Hata hivyo hukumu haisimami. Wakikuyu walikuwa na gĩcaandĩ, ushairi wa mafumbo wa kujibizana, unaoimbwa na watu wawili wakiwa na kibuyu kilichochorwa alama. Kimani Njogu, katika utafiti wake uliochapishwa mwaka 2004, ameuweka ushairi huo sambamba na kujibizana kwa washairi wa Kiswahili, na kuonyesha kwamba ni sanaa mbili zenye mantiki moja: ubeti ni swali, na ubeti unaofuata ni jawabu.

Maelezo ya Gĩcaandĩ yanatoa mwanga mwingine juu ya kile kisa cha mahindi. Kwa nini vijana walikataa kumalizia ubeti? Blixen anadhani hawakuweza, au hawakutaka, na hapo anaacha. Lakini katika mapokeo ya kujibizana, wa bara na wa pwani pia, kumjibu mtu kwa ubeti ni kukubali kushindana naye kwa sawa. Mwenye kujibu hulazimika kuwa na neno. Beti za mwajiri hazikuwa na neno ndani yake, zilikuwa vina vitupu. Wala haikuwa salama kwa kibarua kushindana na bibi mwenye shamba mbele ya wenzake. Kucheka kina kinapotua, hilo waliliweza, na ndilo afanyalo msikilizaji yeyote wa shairi la mizani kumi na sita, ambaye sikio lake limekwisha kukisikia kina kabla mtungaji hajakitamka. Kwa hiyo kile ambacho Blixen anakisimulia kama mkutano wa kwanza wa watu na ushairi kinaweza kusomwa kama mkutano wa wajuzi na mwanafunzi. Yapasa akumbukwe kwa haki kwamba aliona vizuri. Alichokiona amekiandika kwa uaminifu, na ni kwa uaminifu huo huo mhakiki anaweza kumpinga. Kosa lake liko katika maelezo, halimo katika macho.

Kisa cha pili ni kile cha hesabu ya Kiswahili. Alipokuwa mgeni nchini, Blixen alifundishwa kuhesabu na kijana wa Kiswidi. Alipofika nane kijana alinyamaza, kwa sababu neno tisa katika masikio ya Kiswidi linafanana na neno la aibu, akasema kwamba Waswahili hawana tisa. Wala kumi na tisa, wala tisini. Blixen aliamini, na kwa muda akafurahishwa na fikira ya watu wenye hesabu ya namna hiyo, watu waliothubutu kuiacha namba moja nje. Baadaye aliujua ukweli, lakini anakiri kuwa ile hesabu isiyo na tisa haikumtoka.

Msomaji wa Ulaya hucheka na kupita. Mtaalamu wa lugha hawezi kupita upesi hivyo. Tisa ni neno lenye asili ya Kiarabu, kama sita na saba, lakini Kiswahili kina pia kenda, neno la Kibantu, ambalo lipo katika ushairi na katika lahaja za kaskazini. Na kenda ndiyo tisa ya Kikuyu. Neno ambalo kijana wa Kiswidi aliona haya kulitamka lilikuwa na ndugu yake katika kinywa cha kila mchumaji wa buni aliyepita mbele ya dirisha, tena ndugu yake huyo hakuwa na aibu yoyote hata kwa Mswidi. Zaidi ya hayo, Wakikuyu, wanapotaja koo zao, husema kenda mũiyũru, yaani tisa kamili, nao wakikusudia kumi. Naam, hesabu ya ajabu ilikuwapo Karen, hesabu inayoificha kumi ndani ya tisa kwa sababu za mwiko na adabu. Blixen aliitamani hesabu ya kubuni, na ya kweli ikampita.

Huko pwani namba hiyo ni jina la watu. Wenyeji wa Mombasa walijitambua kwa Thenashara Taifa, mataifa kumi na mawili yaliyogawanyika mafungu mawili: Thelatha Taifa, yaani Wakilindini, Watangana na Wachangamwe, na Tisa Taifa, ambao miongoni mwao wamo Wamvita, Wajomvu, Wamtwapa na Wakilifi. Siasa yote ya mji, tangu kumkaribisha mtawala mgeni hadi kumfukuza, ilipitia katika mafungu hayo. Na nyuma ya mji, katika vilima na makaya, walikaa watu ambao kuanzia miaka ya 1940 wameitwa Mijikenda, yaani miji tisa. Mtu aliyeambiwa kuwa Waswahili hawana tisa ameambiwa, bila mwenye kumwambia kujua, kuwa Mombasa haina watu.

Karibu ndivyo Mombasa ilivyo katika kitabu. Blixen alikwenda pwani mara kadhaa, na safari mbili zimeandikwa. Katika ile habari ya twiga wanaosafirishwa Hamburg anafikia kwa Sheikh Ali bin Salim, Liwali wa Pwani, anayemsifu kwa ukarimu na uungwana. Anaueleza mji kwa rangi, kwa mibuyu na kwa ngome kuukuu. Katika sura ihusuyo ndege anakwenda Takaungu, ambayo kitabu kinaiandika Takaunga, kaskazini ya Mombasa, alikokuwa na nyumba rafiki yake Denys Finch Hatton. Huko kuna bahari, mwezi, miembe, kisima na mnara mdogo wa magofu anayoyaita ya Waarabu. Kurasa hizo ni miongoni mwa zilizoandikwa vizuri zaidi katika kitabu kizima. Lakini haziwataji wenyeji ila kwa kupita, na hazimwambii msomaji kwamba hizo nyumba mbili, ya Liwali na ya Takaungu, zilisimama katika pande mbili za ugomvi mmoja.

Liwali alikuwa wa ukoo wa Busaidi, masultani wa Zanzibar. Takaungu ulikuwa mji wa Wamazrui. Wamazrui waliitawala Mombasa tangu karne ya 18 na kukataa kuwatii Wabusaidi hadi mwaka 1837, Seyyid Said bin Sultan alipoipata ngome. Hapo waliobaki wakahamia Gazi kusini na Takaungu kaskazini. Mwaka 1895 ugomvi wa urithi huko Takaungu, ambao Waingereza waliuingilia kwa kumsimika mtu wao, ukazaa vita vilivyoenea pwani yote, mpaka Mbaruk bin Rashid wa Gazi akakimbilia upande wa Wajerumani mwaka 1896. Hayo yalikuwa yametokea miaka kumi na minane tu kabla Blixen hajafika nchini. Wazee waliopigana walikuwa hai. Magofu aliyoyaona chini ya mwezi yalizungukwa na watu wenye mengi ya kusema, na ule ugomvi wa kwanza, wa Mombasa na Seyyid Said, ulikuwa umekwisha kusemwa kwa mashairi: Muyaka alikuwa mshairi wa vita hivyo hivyo, akiwa upande wa Mombasa, akitunga kuwachochea wake na kuwakejeli adui. Kwa hiyo ile hukumu ya shambani kwamba hapakuwa na ushairi, na ule ukimya wa Takaungu, vina mzizi mmoja. Mwandishi aliyedhani lugha haina tungo hakuwa na sababu ya kudhani kwamba magofu yana kumbukumbu.

Inasaidia kuitazama tabia hii kando ya ile ya wasafiri wa Ulaya katika pwani za Bahari ya Kati. Msafiri wa karne ya 19 aliyekwenda Ugiriki naye aliyapenda magofu kuliko watu waliokaa karibu nayo, lakini aliyaona kuwa ya babu zake, akayapigania na hata kuyabeba. Magofu ya pwani ya Afrika Mashariki hayakuwa ya babu zake, wala hakukubali yawe ya babu za wenyeji. Basi yakawa ya Waarabu au Washirazi, ya mtu aliyekwisha kuondoka. Fikira hiyo haikuwa ya Blixen peke yake. Wanaakiolojia waliochimba Gede na Mnarani ya Kilifi, hatua chache kutoka Takaungu, kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1940 walianza nayo pia. Ilichukua miaka mingi, na kazi za wanaisimu kama ile ya Nurse na Spear ya mwaka 1985, kabla haijakubaliwa kwamba miji hiyo ilikua kutokana na jamii za Kibantu za mwambao, zikapokea dini, maneno na wageni kutoka ng'ambo ya bahari bila kuacha kuwa za hapa.

Hata hivyo hatari ya upande wa pili haina budi kutajwa. Mhakiki anayeirudisha historia ya Takaungu asiirudishe ikiwa imesafishwa. Mashamba ya nafaka ya Takaungu katika karne ya 19 yalilimwa na watumwa, na ufahari wa Wamazrui ulilishwa na jasho hilo. Kadhalika utambulisho wa Waswahili haukuwa kitu kimoja kilichotulia kikisubiri kugunduliwa. Chini ya sheria za kikoloni, zilizowagawa watu kuwa wenyeji na wasio wenyeji, wengi wa Thenashara Taifa walipigania wasihesabiwe wenyeji, kwa sababu hesabu hiyo iliamua kodi ya mtu na nafasi yake mbele ya serikali. Nao ukanda wenyewe wa pwani ulikuwa kisheria milki ya Sultani chini ya ulinzi wa Waingereza hadi mwaka 1963. Aliyetoka Karen kwenda Takaungu baada ya 1920 alitoka Koloni akaingia Protektoreti. Mtu wa pwani alijiita Mwarabu, Mswahili au Mmvita kwa kutegemea nani anauliza.

Hilo linaonekana hata katika kazi ya mwana wa pwani aliyeandika katika miaka ile ile. Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui, aliyezaliwa Mombasa mwaka 1891, aliyetoa magazeti ya Sahifa na Al-Islah mwanzoni mwa miaka ya 1930 na kuwa Kadhi Mkuu wa Kenya, aliandika historia ya ukoo wake na utawala wake wa Mombasa. Ina kila kitu ambacho Blixen hana: majina, miaka, mapatano, usaliti. Lakini aliiandika kwa Kiarabu, na ikachapishwa kwa tafsiri ya Kiingereza mwaka 1995, muda mrefu baada ya kufa kwake mwaka 1947. Yeye naye aliitazama pwani kutoka juu, ijapokuwa ni kutoka ngomeni na si kutoka Karen: ni historia ya watawala. Mtumwa wa shamba la Takaungu hasemi humo zaidi ya anavyosema kwa Blixen.

Marehemu Ngũgĩ wa Thiong'o, katika hotuba aliyoitoa Denmark mwaka 1980 na kuichapisha baadaye katika Moving the Centre mwaka 1993, alimshambulia Blixen kwa jinsi anavyowalinganisha watumishi wake na wanyama. Shambulio hilo ni la haki na ushahidi wake umo katika kitabu chenyewe. Lakini linabaki ndani ya uzio wa shamba, baina ya bwana na mtumishi. Miaka mitano kabla yake Kamante, mpishi, alikuwa amepewa nafasi ya kusimulia upande wake katika Longing for Darkness, kitabu kilichokusanywa na Peter Beard. Hicho nacho kimepita katika mikono ya wengine kabla ya kumfikia msomaji. Kisha ikaja filamu ya mwaka 1985, na mwaka uliofuata nyumba ya Karen ikafunguliwa kuwa makumbusho. Mwaka huo huo wa 1986 Ali Mazrui, mwana wa Sheikh Al-Amin, alionyesha katika televisheni mfululizo wake juu ya urithi wa Afrika wa tabaka tatu, wa kienyeji, wa Kiislamu na wa Kimagharibi. Watazamaji wa Ulaya na Marekani waliletewa Kenya mbili kwa wakati mmoja, na si vigumu kukisia ni ipi iliyoleta watalii.

Kwa mwalimu wa fasihi suala hili ni la kazi. Out of Africa inasomwa vyuoni kama maandishi ya Kiingereza, na Muyaka anasomwa katika idara nyingine, ghorofa nyingine, na wanafunzi wengine. Ugawaji huo unamhifadhi Blixen asiulizwe maswali ambayo ni mtu wa Kiswahili tu awezaye kuyauliza: neno hili la Kamante lilikuwa lipi kabla ya kutafsiriwa? Msabu, jina aliloitwa mwandishi, limesafiri kutoka India hadi jikoni Karen kwa njia gani? Lile tamko la mvua lilisemwa kwa maneno gani hasa, na je, mvua ya mkulima wa Kikuyu ni sawa na mvua ya mshairi? Kwa kuwa mwandishi aliandika alichosikia kwa lugha nyingine, kila mazungumzo ya kitabu ni andiko lililofunika andiko. Kazi ya kulifunua haiwezi kufanywa na idara ya Kiingereza peke yake.

Vifaa vipo. M. H. Abdulaziz alimtolea Muyaka kitabu hapa Nairobi mwaka 1979, pamoja na maelezo ya vita na koo ambavyo Blixen alivipita. Shirika moja, Makumbusho ya Taifa ya Kenya, ndilo linalotunza nyumba ya Karen, na ndilo linalotunza Ngome ya Yesu na magofu ya Mnarani. Diwani ya Muyaka iliyotengenezwa na William Hichens ilitoka Johannesburg mwaka 1940, miaka mitatu baada ya Out of Africa. Lakini mashairi yaliyomo yalikuwa yamekusanywa Mombasa mwishoni mwa karne ya 19 na W. E. Taylor akisaidiwa na Mwalimu Sikujua, na kwa hiyo yalikuwa yamekwisha kuandikwa karatasini Blixen aliposhuka melini katika bandari ya mji huo huo, Januari 1914.